Wilfred Garside, Uliyebeba Aibu Isiyo Yako

Mwaka umeshatimia, Baba, tangu utuache asubuhi ile ya Machi hapa Saltby, chai yako ikiwa bado ya moto mezani na mkate wa jamu ya machungwa umeumwa upande mmoja. Kiti chako cha dirishani hakijakaliwa na mtu. Kinakaliwa na paka, na huyo hatukumuweza.

Tunakukumbuka ukitembea ufukweni kwenye mvua, koti limefungwa hadi kidevuni, ukikariri maneno ya mchezo kwa sauti mpaka wageni wakadhani una kichaa. Hukuwahi kupanda jukwaani bila kuyajua maneno yako na ya wenzako pia. Ulianza kwa kuigiza mtumishi, kubeba sinia na kusema "Chakula tayari, bwana," ukapanda pole pole hadi ukawa yule sajini wa televisheni ambaye wenye maduka wa hapa wanamtaja hata leo. Kwenye filamu walikuwa wakikuua mapema. Tulipokuwa wadogo tulikulilia sinema nzima, nawe umekaa kando yetu unatafuna peremende.

Ulikuwa mpole kwa kila mtu, ila kwa aliyepiga mluzi nyuma ya jukwaa. Mjukuu wako Imogen alipojisahau, ulimtoa nje, ukamzungusha mara tatu, ukamwambia abishe hodi ndipo aingie, maana waigizaji ndivyo wanavyoondoa mkosi. Kisha ukamnunulia aiskrimu ya kumpoza.

Hayo ndiyo mazuri. Sasa tuseme la moyoni, ambalo ulitukataza kulisema ulipokuwa hai, nasi tukakutii.

Wengi wanaosoma hapa wamesikia kwamba Wilfred Garside alisahau maneno yake mbele ya ukumbi uliojaa, na rafiki yake Lionel Strickland akamwokoa. Ni uongo. Mchana ule wa Jumamosi aliyepotewa na maneno ni Lionel. Alisimama katikati ya jukwaa, mdomo wazi. Mama, ambaye kazi yake ilikuwa kukaa pembeni na kitabu cha mchezo na kuwanong'oneza waliosahau, alimpa neno, akampa tena, asisikie. Ndipo wewe ukageuka, ukamwomba Mama neno kwa sauti kana kwamba zamu ilikuwa yako, ukalisema, na mchezo ukaendelea. Jumatatu gazeti likaandika kwamba mzee Garside amekwisha. Simu za kazi kutoka London, zilizokuwa hazikauki, zikakatika, na ndivyo ulivyostaafu. Watu wanadhani ulichoka. Hukuchoka.

Lionel angenyamaza tu, labda tungemsamehe. Lakini alipoona unamsitiri alikigeuza kisa kuwa kichekesho, akakipeleka hadi televisheni. Mama alitaka kumwumbua, ukamzuia. "Mwache, Enid," ulimwambia. "Kesho naweza kuwa mimi." Mfadhili mbuzi, binadamu ana maudhi. Mtu huyo alikuja kwenye mazishi yako, akasimama kando ya jeneza, akakisimulia tena, na watu wakacheka. Mama alimeza uchungu wake mbele ya kasisi. Tulimchukia siku ile, Baba, na hatuoni haya kukwambia.

Jumapili iliyopita ukumbi wetu wa Saltby ulibandika jina lako kwenye mlango wa chumba cha kuvalia, na aliyealikwa kuhutubia ni nani kama si yeye. Rosalind, binti yako mkubwa, alitaka afukuzwe mlangoni. Mama akakataa. Aliomba tu awekewe kiti chake cha zamani pembeni mwa jukwaa.

Lionel ana miaka themanini na ushee, lakini mwigizaji wa jina lake kusoma karatasi mbele ya waigizaji wenzake ni sawa na kutoka nje bila suruali. Alikuja mikono mitupu. Alianza vizuri, kwa ile sauti yake iliyomlisha maisha yote, akafika kwenye kisa chake, jinsi Wilfred alivyopotea mchana ule, na hapo hapo akakwama. Akakohoa. Akarudia sentensi, ikamkwama pale pale. Kisha akafanya kama wanavyofanya wote tangu ujana wao, akatupa jicho pembeni.

Mama alikuwa anamtazama, mikono ameiweka mapajani. Neno hakumpa. Ukumbi ulijaa wazee wa jukwaa, wote wakaelewa, na hakuna aliyejitia kumsaidia.

"Nipe neno, kipenzi," Lionel akasema mwishowe.

"Nilikupa mchana ule, Lionel," Mama akamjibu, na sauti yake ilifika hadi kiti cha mwisho. "Nilikupa mara mbili. Sasa waambie watu, aliyesahau ni nani?"

Lionel alisema kitu mdomoni, kichwa chini. Shangazi Beryl, dada yako, akamwambia kutoka safu ya nyuma kwamba huku hawasikii.

"Ni mimi," Lionel akasema. "Niliyesahau ni mimi. Wilfred alinibebea."

Hakupigiwa makofi. Alishuka ngazi peke yake akijishikilia ukutani, na Mama akamsindikiza kwa macho mpaka mlango ukafungwa.

Tunajua wewe ungemnong'onezea, Baba. Ungempa neno kabla hajageuza jicho, halafu ungempeleka kula pai ya nyama na kumwambia hayo ni mambo ya kawaida. Wewe ulikuwa mwema. Sisi tulingoja mwaka mzima, tukakipata tulichokingoja, na usiku wake tulilala vizuri.

Unakumbukwa na mkeo Enid. Wanao Rosalind na Hugh. Mkwe wako Marjorie. Mjukuu wako Imogen. Dada yako Beryl. Na wazee wote wa ukumbi wa Saltby, ambao sasa wanajua.

Hatutakusahau maisha yetu yote. Na yeye pia hatutamsahau.