Hoca, Ulinyamaza Nikamchafua Hubert

Hoca,

Ninakuandikia kwa Kiswahili, lugha ambayo ulijua maneno kumi tu, na yote kumi yalikuwa namba. Kwa Kifaransa ningeanza kugombana. Miaka kumi na mitano nimekitumia Kifaransa kushambulia watu gazetini, na leo kikipata nafasi kitaanza kunitetea. Kwa Kiswahili bado sijamtukana mtu kwa maandishi.

Tangu asubuhi nimeketi mara tatu na kusimama mara tatu. Nimeosha vyombo vilivyokuwa safi. Nimeshuka hadi kituo cha basi hapa Brussels, Chaussée d'Ixelles, basi la Forest, kule ulikofundisha, likaja, sikupanda. Jana vivyo hivyo. Wiki iliyopita Sevim, mkeo, aliniambia ukweli kuhusu Hubert, na tangu siku ile sijui nikae wapi.

Nimekukasirikia. Nalisema mapema ili usidhani hii ni barua ya maua.

Nilipokujia mara ya kwanza nilikuwa na miaka thelathini na tisa, nimevaa koti la ofisini, nataka kuandika habari ya Mturuki anayefundisha judo watoto wa wahamiaji chini ya jengo la shule ya msingi, katika ukumbi unaonuka soksi na ukungu. Uliniangalia miguuni. "Unataka kuandika juu ya mikeka ukiwa na viatu?" Nikavua. Mwezi uliofuata nilikuwa na vazi la judo, nazuia machozi, najifunza kuanguka pamoja na watoto wa miaka minane. Nilikuambia nimekuja kuangusha watu, si kuanguka. Ukasema, "Foleni ya kuangusha ni ndefu, abla. Ya kuanguka haina mtu." Uliniita abla, dada mkubwa, ingawa ulinizidi miaka saba; nami nikakuita Hoca, mwalimu.

Na zile namba. Kila mwanzo wa mazoezi, kila mtu alihesabu hadi kumi kwa lugha ya mama yake. Watoto wetu wa Kivu wakaanza un, deux, trois, kama tunavyohesabu nyumbani na sokoni. Ukasimamisha ukumbi mzima. "Hapana! Hiyo ya shule. Nataka ya mama!" Wakaangaliana. Mmoja akajikaza akafika saba, akakwama, akanigeukia: "Maman, kisha saba, ni nini?" Nikasema nane, na wewe, kilo mia na arobaini, ukarudia kwa sauti iliyotikisa madirisha: "Nane!" Toka siku hiyo ulihesabu kwa Kiswahili hata mbele ya Wabelgiji wa Kiflemi, na tisa yako ikawa "tiza" mpaka mwisho.

Watu wengi wa Forest walikujua kama mzee mnene mpiga kelele. Maisha yako mengine niliyajua mimi, kwa sababu nilikuhoji alasiri nane jikoni kwenu Schaerbeek, Sevim akijaza kikombe changu kabla sijasema basi. Kijana wa mieleka kutoka mji mdogo nje ya Kayseri. Vazi la judo ulilivaa mara ya kwanza jeshini, baada ya afisa mmoja kukuona umembeba mwenzako aliyeumia, pamoja na mzigo wake, begani, unatembea kama umebeba mkate. Miaka sita baadaye ukaingia timu ya taifa, uzito wa juu kabisa, mtu wa kuinama ghafla na kunyakua mguu wa mwenzake kama anang'oa kitunguu. Kisha ile nusu fainali. Yule jamaa alikuinua vizuri kabisa. Ungetua mgongoni ungeshindwa, ungeinuka, ungempa mkono, ungeoga. Ukajipinda hewani ukatua kwa bega, na bega likateguka, refa akakuhesabia kushindwa vilevile. Shaba uliipata jioni ile kwa mkono mmoja. Ulinionyesha kovu la upasuaji huku unacheka: "Lakini mgongo haukugusa!"

Nikaiandika sentensi hiyo kama ushujaa. Niliipenda sana. Ilitakiwa initie hofu.

Maana ndivyo ulivyokuwa katika kila kitu. Ulipokuja Brussels kumfuata Sevim, asubuhi ulishusha makreti ya nyanya soko la jumla, jioni ulifundisha, na hakuna aliyesikia bega linakuuma. Wakubwa wa judo walipopiga marufuku kushika miguu, mbinu yako ya miaka ishirini ikawa kosa la kukutoa nje. Mimi niliandika makala ya moto, nikawachoma wote. Uliisoma kwa miwani ya Sevim. "Umepiga vizuri, abla. Lakini umempiga nani?" Kisha ukaanza upya, na miaka yako arobaini na sita, unajifunza mitupo ya vijana wembamba kutoka kwa vijana wembamba.

Umempiga nani. Swali hilo ulinipa bure, nikaliona ni mzaha wa mtu asiyesoma vitabu.

Sasa vuli iliyopita. Hubert, mwenyekiti wa klabu yetu ya judo, mstaafu wa reli aliyekaa miaka mingi kwenye dirisha la tiketi pale Gare du Nord, alisimama mbele ya wazazi na karatasi mkononi. Akasoma kwamba kamati imeamua kumpa kocha kijana nafasi yako. Wewe ulikuwa kando, umekunja mikono, unatazama mikeka. Nikakuuliza mbele za watu: ni kweli? Ukajibu, "Kamati imeamua." Maneno mawili. Nilirudi nyumbani nikaandika bila kuvua koti.

Niliandika kwamba nchi hii hupenda mgongo wa mhamiaji unapobeba, na huuchoka unapoanza kuuma. Sentensi hiyo sitaifuta, ni ya kweli, nimeiona ikitendeka katika nyumba za wazee na majiko na maofisi ya mji huu. Lakini niliifunga shingoni mwa mtu asiyehusika. Nilimtaja Hubert kwa jina. Nilimwita karani wa ubaguzi, mtu aliyezoea kutoboa tiketi za wengine na kuwaambia washuke. Nilijisifu kwa mstari huo. Watu waliusambaza, wakanipigia simu kunipongeza. Katika mkutano wa wazazi, mama mmoja wa Goma alimkabili Hubert uso kwa uso: "Papa Hubert, nilikuwa nakuachia mutoto wangu. Bon, sasa nimeona weye ni muntu gani." Hubert akasema tu, "Oui, madame." Akakunja karatasi yake mara nne. Wakampigia kura ya kumtoa, na mimi nilihesabu mikono.

Siku ya pili ukanipigia. "Umeandika vizuri, abla. Sasa inatosha." Nilisikia nusu ya kwanza. Ile ya pili nilidhani ni unyenyekevu.

Februari ukafa, ukiwa nyumbani, baada ya chakula cha mchana. Wakakuswalia msikitini Schaerbeek kabla jeneza halijapelekwa uwanja wa ndege, uende kwenu. Nje, kwenye baridi, nilikuwa upande wa wanawake na kitambaa cha kuazima kichwani. Hubert alikuja peke yake. Hakuna aliyemsogelea. Alimpa Sevim pole, kisha akanijia mimi, kofia mkono wa kushoto, wa kulia ameunyosha. Nilimpa mgongo. Nilifanya taratibu ili watu waone.

Wiki iliyopita nilimpelekea Sevim sambaza za kukaanga, zile samaki ndogo za kwetu ulizozimaliza sahani nzima ukisema ni za kuonja. Akaniuliza, "Abla, kwa nini ulimnyima Hubert mkono?" Nikaanza hotuba. Aliniacha nimalize. Akanijazia chai. Kisha akaniambia.

Kwamba daktari alikataa kukusainia cheti cha afya cha leseni ya judo ya mwaka ule, kwa sababu moyo wako ulikuwa umevimba na hautaki tena mikeka. Kwamba ulikwenda kwa Hubert nyumbani kwake ukakaa saa tatu, na ukamwomba aseme ni kamati. Kwamba alikataa mara mbili. "Wakijua ni moyo," ulimwambia, "wale watoto wataanza kunisaidia kuvaa viatu." Mara ya tatu akakubali. Wanakamati wengine wawili walipiga muhuri bila kuuliza, kwa kumwamini. Na kila Jumanne, Hoca, kila Jumanne hadi unakufa, Hubert alikuendesha hospitali kwa gari lake dogo, na magoti yako yakigusa kioo cha mbele. Safu yangu hutoka Jumanne. Siku ile nilipomwita karani wa ubaguzi alikuwa ameketi kwenye baraza la kusubiria, ameshika koti lako.

Mliisoma pamoja makala yangu? Sevim hajui. Nimejiuliza hilo mara elfu. Ulikuwa na simu mfukoni, ulikuwa na ulimi. Ungeniambia mimi tu, mtu mmoja. Ningetunza siri. Au labda nisingetunza, na ulinijua kuliko ninavyojijua, sawa. Lakini ungemwambia yule mama wa Goma. Ungeinuka katika mkutano. Ulimwona rafiki yako anaanguka, ukamwacha atue mgongoni ili wewe usiguse chini. Nimekuwa nikiwaandika wanaume wa namna hiyo maisha yangu yote, wakubwa wanaolinda sura zao kwa jina la mtu mdogo, na sikujua kuwa nilikuwa nakunywa chai na mmoja wao kila Ijumaa.

Nimeandika sentensi hiyo nikaenda dirishani. Nimerudi. Naiacha, lakini haijakamilika, maana wewe ulinyamaza tu. Aliyeandika ni mimi. Sikumpigia Hubert simu hata moja kabla ya kuandika. Simu moja! Ninawafundisha vijana wa gazeti letu kwamba hata mwizi hupigiwa simu. Yeye sikumpigia kwa sababu nilikwisha kumjua: mzungu, mzee, na karatasi mkononi. Ningemkuta mtu amefanya hivyo kwa mmoja wetu, ningemtafuna wiki tatu.

Mhariri wangu, papa Déo, hataki nikiri kosa gazetini. "Bon, maman, wacha hiyo. Batu bameshasahau. Ukisema umekosea hapa, kesho watasema umekosea kila pahali." Ana sababu. Kuna watu wananisubiri, nimewapiga sana, na wengine niliwapiga kwa haki. Watasherehekea. Na kuna wewe. Nikimsafisha Hubert lazima niseme kwa nini alidanganya, na nikisema hilo nimetoa nje kitu pekee ulichoomba kifichwe. Hakuna namna ya kuandika habari hii bila moyo wako ndani yake. Nimejaribu. Nimeandika "kwa sababu za binafsi", nikaona ni lugha ileile ya karatasi ya kamati, nikafuta.

Nilimrudia Sevim nikamuuliza kama ananiruhusu. Alikuwa anakunja mashati yako, yale mapana kama mashuka, anayapeleka kwa wahitaji ingawa sijui mhitaji gani yatamtosha. Hakuacha kukunja. "Yeye ameshakufa, abla. Hubert bado ananunua mkate mtaa uleule."

Nimemwona akinunua huo mkate. Jumamosi nilisimama ng'ambo ya barabara, Forest, kama mpelelezi. Aliingia, akatoka na mfuko wa karatasi. Mama mmoja wa klabu yetu alikuwa anakuja na mwanawe. Hubert akavuka barabara mapema, kabla hawajafika, ili wasipate tabu ya kuamua kama watamsalimu. Amejifunza kufanya hivyo. Mimi ndiye niliyemfundisha.

Basi imetosha kuzunguka meza. Nimeimaliza makala. Ni fupi kuliko zote nilizowahi kuandika na haina neno "lakini" hata mahali pamoja, nimekagua mara mbili. Nimesema nilidanganya kwa uvivu na kwa chuki niliyoiona ni haki. Nimesema wewe ulimwomba, yeye akakubali, na alibeba aibu isiyo yake miezi mitano bila kukutaja. Nimeandika neno mgonjwa karibu na jina lako. Nimeandika pia kwamba ulikosea kunyamaza. Papa Déo amekubali kuitoa, akalalamika, akakubali tena.

Kesho saa nne asubuhi nitapanda lile basi niende kwa Hubert nimsomee yeye kwanza, mlangoni, akitaka nibaki mlangoni. Akinifungia nitausomea mlango. Akisema nisichapishe kwa ajili yako, kwa sababu nadhani ndivyo atakavyosema, nitachapisha. Na kwenye mkutano wa wazazi nitaomba kura irudiwe, nami nitasimama mbele ya yule mama wa Goma nimpe jina la mtu aliyestahili hasira yake, jina langu. Hayo nakuahidi, na unanijua, nikishaanza sinyamazishiki.

Huko uliko utanikasirikia. Kasirika, una haki. Nimekuombea kwa dini yangu, Sevim amekuombea kwa yenu, na pale ukumbini watoto bado wanahesabu.

Kwa heri, Hoca, kaka yangu mkaidi. Nakupenda, na kesho nitakuaibisha.

Nabintu