Hakuna Kunguru wa Kumbeba

Yukon, Septemba

Lyle mwanangu,

Huku tupo, ila samoni hawakupanda mto tena mwaka huu. Unamkumbuka yule mtu wa kale aliyeibuka barafu ilipoyeyuka, na joho lake la ngozi za kindi? Wametupima mate kijiji kizima kutafuta ndugu zake. Kumbe ni wetu, ukoo wa Mbwa Mwitu, upande wa mama yangu! Basi, kwa mila yetu, maiti wa ukoo wetu sisi haturuhusiwi kumgusa. Kumchimbia na kumbeba ni kazi yenu, ukoo wa Kunguru. Na Kunguru mko wapi? Alibaki mjomba wako tu, mume wangu. Akachukua sururu, akanitania, "Shemeji yangu kasubiri mno, nisimcheleweshe." Kaburi lilikuwa limemfika magotini moyo wake uliposimama.

Yeye tulimzika Jumamosi, maana Mbwa Mwitu tupo. Shemeji yake bado yuko kwenye friza la makumbusho, mjini.

Najua hutakuja, hata simu hupokei. Daktari naye kaniambia Krismasi sitaifikia. Nimemuuliza yule binti wa makumbusho kama friza lina nafasi ya wawili. Akacheka, akidhani natania.

Mkaza mjomba wako,
Effie