Ufunguo wa Choo cha Kituoni

Senge,

Tafuta mahali ukae, shangazi yangu, maana sikuja kukuambia kwamba tunakukumbuka. Hilo unalijua. Nimekuja kulalamika. Wewe ndiye ulinifundisha kwamba mtu akimeza malalamiko yake yanamgeukia vidonda vya tumbo, na mimi tumbo langu bado nalihitaji.

Nianze na mazishi yako, kwa sababu mpaka leo yananikera. Baba mdogo ndiye aliyeandika wasifu wako. Sisi wengine tulikuwa tukihangaika na kuni, maji na wageni, yeye akajitolea, tukamshukuru. Kumbe. Nilisimama kando ya hema nikasikia ikisomwa kwa kipaza sauti kwamba ulikuwa mama mpole, mnyamavu, asiyependa makuu, aliyeheshimu kila kikao cha wazee. Mnyamavu, Senge. Wewe ambaye akina mama wa kanisa walikuondoa kwenye matangazo ya Jumapili kwa sababu ukitangaza harusi watu walicheka mpaka bwana harusi akaanza kufikiria upya. Nililitazama lile jeneza nikingoja ulipige teke.

Eti ulirudi kutoka Mulot "kusaidia wazazi." Kila mtu chini ya lile hema alijua ulirudi kwa sababu ulichoka na mume ambaye angekaa ubavuni pa mtungi na kukuita kutoka shambani uje umpe maji. Ulirudi na sufuria moja. Watu walipokuuliza kwa nini moja tu, ulisema zingine umemwachia ajifunzie. Hiyo haikusomwa. Haikusomwa pia kwamba uliandika gazetini kila Jumamosi kwa miaka, ikawa tu "alipenda kusoma na kuandika," kama mtoto wa darasa la pili.

Basi nakusomea wasifu wako mwenyewe, kwa sababu nimekasirika na hakuna wa kunizuia.

Kitu chako cha kwanza kuchapishwa kilikuwa kile cha mtungi wa maji. Mhariri aliona jina la mwanamke, akaona maji, akaona sufuria, akakiweka kwenye ukurasa wa mapishi, kati ya keki ya ndizi na namna ya kulainisha nyama ngumu. Nilikuwa bado nasoma, nakumbuka jinsi ulivyompigia simu ukiwa umesimama uani. Akakwambia hakuna nafasi kwingine, ila kwa mapishi iko kila wiki. Ulikata simu, ukasema, "Basi nitapika."

Tangu siku hiyo kila ulichoandika kilikuwa pishi. Wanaume hawakugeuza ukurasa ule, kwa hiyo ulisema ulichotaka. Lile la mwenyekiti ninalijua kwa moyo: "Chukua mwenyekiti mmoja wa kamati, aliyekomaa. Usimwoshe, atasema unamdharau. Mweke kiti cha mbele na umfunike kwa sifa. Akianza kutoa povu usikoroge, ngoja aishe mwenyewe. Huliwa akiwa amepoa, baada ya uchaguzi."

Na kazi yenyewe ulivyoifanya ndiyo iliyonitesa zaidi. Wewe hukuamini meza. Uliniamuru nibebe kikapu changu cha majani ya chai, wewe ubebe chako, twende mapema kituoni, pale yanapopimwa, tusimame na wanawake wengine kungoja lori la kiwanda. Lori halikuwahi kufika kwa wakati, na wewe ulishukuru, kwa sababu saa hizo za kungoja ndizo zilikuwa ofisi yako. Ungewaambia pishi la wiki kana kwamba ni habari umesikia Kiptere sokoni. Wakicheka, uliniangalia mimi, nami nilipaswa kukumbuka ni neno gani lililowachekesha ili niliandike kwenye simu tukifika nyumbani. Wasipocheka, pishi linatupwa, hata kama mimi nililipenda. Ulisema mwanamke aliyesimama tangu asubuhi na kikapu mgongoni hana nguvu ya kukuchekea kwa adabu.

Unakumbuka Kabianga? Walikualika uongee na wanafunzi. Ulisema maneno yako, vijana wakacheka, halafu mhadhiri mmoja akasimama kueleza kwa nini ulichosema kilikuwa cha kuchekesha. Alieleza mpaka kikafa. Tukiwa njiani kurudi ulikuwa kimya, nikadhani umeumia. Kumbe ulikuwa unatafuta viungo. Jumamosi iliyofuata akatokea gazetini kama maharagwe yaliyochemshwa mpaka yakasahau kuwa maharagwe.

Sasa twende kwa choo, kwa sababu choo ndicho kimenileta.

Ulikipigania miaka yote ile na watu wakadhani ni mzaha. Kituoni kulikuwa na choo kimoja, na ufunguo ulikaa kwenye koti la mwenyekiti wa kamati ya kituo. Mwenyekiti akienda Kericho mjini, choo kimeenda Kericho mjini. Wanaume walijisaidia popote. Sisi tulitazama chai, na chai, kwa jinsi tunavyoichuma, haizidi kiuno, haimfichi mtu. Kogo Tapsabei wa kule ng'ambo ya mto, ambaye sote pale kituoni tunamwita kogo, yaani nyanya, kwa umri wake, alikuwa na dawa yake. Siku ya kupeleka majani hakunywa chai asubuhi. Mwanamke aliyelima chai tangu usichana wake, anatoka nyumbani koo limekauka ili asiaibike mbele ya karani wa mzani. Siku aliyokuambia hivyo hukucheka. Ulikuja nyumbani ukaniambia niandike, ukanitamkia lile pishi la ufunguo bila kupumzika, na lilipotoka mke wa mwenyekiti mwenyewe alilisoma kwa sauti mezani kwake.

Mwenyekiti akaja hapa kwetu na wazee wawili kukuuliza kama mwenyekiti wa gazetini ni yeye. Uliwapa chai. Ukamuuliza kama anajiona ameiva. Wale wazee ndio waliocheka kwanza, yeye akafuata kwa shida, na kabla ya vikombe kukauka alikuwa ameahidi choo cha wanawake. Ulimsindikiza mpaka langoni ukimwita kiongozi wa maendeleo.

Halafu presha ikakuchukua kabla hata ya msingi kuchimbwa. Hilo siwezi kulifanyia mzaha. Nimejaribu. Asubuhi nyingine bado naweka vikombe viwili, halafu nasimama tu hapo jikoni nikikikasirikia kikombe.

Mhariri alinipigia baada ya mazishi. Si yule wa mtungi, huyu ni kijana. Akaniambia pole sana, sauti nzuri, akasema ukurasa ni wako na wewe ndiwe uliyeniachia. Nitume pishi kabla ya mwisho wa mwezi, vinginevyo nafasi itaenda kwa dada mmoja wa Nakuru mwenye mapishi ya kweli, waanze na pilau. Senge, ulikuwa umemwambia nini mtu huyu? Uliwahi kuniuliza? Mimi ni wa kuchapa. Nilikuwa nakumbuka neno gani lilichekesha, sikuwahi kulitoa kinywani mwangu.

Niliandika. Niliandika juu ya wasifu wako, nikaandika juu ya Baba mdogo, nikaenda na mapishi hayo kituoni kama ulivyonifundisha. Wanawake walinisikiliza kwa huruma. Mmoja alinishika mkono akaniambia Mungu atanipa nguvu. Hebu fikiria, unasema utani unapewa pole. Ulizoea kuniambia, "Hasira yako ni nzuri, Chelangat, lakini haijaiva." Sikujua inaivishwa wapi, na mwezi ulikuwa unakwisha.

Ndipo choo kikazinduliwa.

Ndiyo, kimejengwa. Ukuta wa mawe, mabati mapya, mlango wa bluu. Na kwa sababu ni choo cha wanawake, kamati ya wanaume watupu ilikaa ikapanga siku, hema, mheshimiwa wa kukata utepe, na watu wa kuhutubia, wote wakiwa na ndevu. Viti vya plastiki vilikuwa vya wageni. Sisi tuliwekwa kwenye nyasi na vikapu vyetu, maana ilikuwa siku ya majani na lori, kama kawaida yake, halijafika. Utepe mwekundu ulifungwa mlangoni, na juu ya utepe, Senge, kufuli. Nilimuuliza karani kufuli ni ya nini. Akanijibu kwamba mwenyekiti ameagiza kifungwe hadi mheshimiwa afike, na baada ya sherehe kitafungwa tena, ili kisichafuke.

Na ufunguo? Usiniulize. Unalijua lile koti.

Tulingoja. Mvua ya mchana ikaja, ikanyesha upande wetu wa nyasi, ikapita. Mwenyekiti alihutubia ili kujaza muda. Alisema wazo la choo lilimjia akiwa katika maombi. Kisha akasema, "Hata marehemu alichangia mawazo kidogo," na akaniita nitoe neno la shukrani kwa niaba ya familia, dakika mbili, bila siasa.

Nilienda mbele nikiwa sina hata neno moja. Nilikuwa na hasira mpaka masikio yalikuwa ya moto. Nikamwona Kogo Tapsabei kwenye nyasi, amejifunika karatasi ya nailoni, amekaza magoti, macho yake hayako kwangu wala kwa mwenyekiti, yako kwa ule mlango wa bluu. Nikajua kwamba asubuhi ile alikuwa amekunywa chai. Aliambiwa leo kuna choo, naye akaamini.

Nikasema shukrani kwa kamati. Nikasema familia yetu imefurahi sana, kwa sababu choo hiki ni kizuri kuliko nyumba nyingi, na kinalindwa kuliko benki. Nikasema marehemu angeomba jambo moja tu: kwa kuwa choo kinafungwa ili kisichafuke, mwenyekiti pia afungiwe jiko lake ili lisiingie moshi, na ufunguo tukae nao sisi, tutamfungulia tukirudi kutoka Kericho.

Mtu akakohoa kule nyuma, na kikohozi kile kikageuka kicheko. Unakijua kile kicheko cha kituoni, Senge, kinachoanza chini kwenye vikapu na kupanda. Mke wa mwenyekiti alijifunika uso kwa leso na mabega yake yakawa yanatikisika. Mimi nilisimama pale nikikutafuta kwa macho ili nione kama umesikia. Nilikutafuta kabisa, upande wa kushoto wa mzani, pale ulipokuwa ukisimama. Ndipo nikaumia vibaya, hapo hapo, watu wakicheka.

Sikumaliza. Kogo aliinuka. Alitembea polepole kati ya viti vya plastiki, wazee wakivuta miguu kumpisha, mpaka mbele ya mwenyekiti, akanyoosha mkono.

"Leta hiyo ufunguo, kijana. Mkojo haingojangi mheshimiwa."

Hakuna aliyecheka tena. Mwenyekiti aliangalia barabara. Barabara haikuwa na gari. Akaingiza mkono kwenye koti, akautoa ufunguo, akampa. Kogo alifungua kufuli, akaushika utepe kwa vidole viwili kama utando wa buibui, akaukata kwa kuupita, akaingia, akafunga mlango. Tulisimama wote, kamati, mchungaji, sisi na vikapu vyetu, tukitazama mlango wa bluu. Alikaa huko kwa raha zake. Mheshimiwa alipofika na mkasi, Kogo alikuwa anatoka, akampa mkono kumsalimia, na mheshimiwa akaupokea.

Ufunguo hakuurudisha. Alirudi nao nyumbani kwake ng'ambo ya mto, na kufuli akaitupia kwenye kikapu chake pamoja na majani. Karani aliikuta kwenye mzani, akaiondoa, akapima majani. Mwenyekiti hajauliza. Mlango haufungwi tena, na tunakiosha kwa zamu, wanawake, na ndiyo, najua, hilo nalo ni la kulalamikia, wanaume wanatumia cha kwao na hakuna anayekiosha. Nimeliweka kando. Nalipika polepole.

Usiku ule sikulala, nilitaka kukupigia simu. Kulipokucha nikaandika pishi, na safari hii sikufuta. Nimemtumia yule mhariri kijana siku ya mwisho ya mwezi. Akajibu kwamba linaenda Jumamosi, na dada wa Nakuru atafutiwe ukurasa mwingine. Linaanza hivi: "Chukua kogo mmoja aliyekunywa chai."

Nimelipeleka kituoni kwanza, usinifikirie vibaya. Wamecheka. Neno lililowachekesha ni "kijana," na nimelikumbuka.

Sikuahidi kuwa kama wewe, nitakuwa nimekudanganya. Nakuahidi kwamba nitaendelea kubeba kikapu, sitaandika nikiwa mezani, na siku Baba mdogo atakapoitwa na Mungu, wasifu wake nitauandika mimi. Wakinizika, uje wewe unichekeshe, maana wengine watasema nilikuwa mpole.

Kogo anakusalimia. Leo asubuhi nilipita kwake kumsaidia kubeba kikapu, nikamkuta ameketi mlangoni na kikombe kikubwa mkononi. Alikinywa chote ndipo tukaenda kituoni.

Saisere, Senge.

Chelangat wako