Ngumi ya Mpelelezi Lok

Ka! Rafiki yangu Ah Bong, nilisikia mlio huo kabla sijaona kitu, nikadhani kiti kimevunjika. Kumbe ni pua yangu!

Si unajua leo ndiyo mara yangu ya kwanza kuigiza jambazi kwenye filamu? Lok, nyota wetu anayeigiza mpelelezi, alikuwa ameniahidi, "Usiogope, mdogo wangu, ngumi zangu ni za hewa."

Za hewa! Nimefungwa pingu kitini, akanitandika kweli. KWELI, Bong! Damu mpaka kwenye viatu.

Na mwongozaji anapiga kelele, "Safi sana! Mpelelezi akipiga, ukumbi mzima wa sinema hushangilia. Turudie!"

Lok anacheka: "Jambazi gani huyu anatoa machozi?"

Wenzangu wanarudi kwenye nafasi zao. Ukigoma hapa, nani atakuita tena?

Waliponifungua pingu nikaenda moja kwa moja kwenye madhabahu ya Kwan Kung, mungu wa vita na uaminifu, pale kona ya studio. Si polisi na majambazi wote huapa kwake? Nikawasha ubani, nikamgeukia Lok, wote wanasikia:

"Kaka Lok, turudie. Lakini sifungwi tena mikono. Ukinigusa, naapa mbele ya Kwan Kung, leo mpelelezi atatoka hapa kwa machela."