Kilichosimama Juu ya Maji ya Antsahampano

Dada yangu Zuhura,

Nakusalimu kutoka Andoany, huku kisiwani. Nimefika salama, ila nina jambo la kukusimulia.

Leo alasiri tulikuwa kwenye boti tukitoka Antsahampano, jua linawaka, bahari shwari. Mara injini ikazimika. Nahodha akavuta kamba, wapi! Nikaona watu wote wametazama juu. Kitu cha mviringo, cheupe kama sinia la bati, kimesimama hewani juu yetu. Hakina mabawa, hakina sauti. Kivuli chake kikatufunika, nikahisi baridi mpaka mifupani.

Mama mmoja Mngazija aliyekaa kando yangu akanishika mkono. Safari nzima tulielewana kwa tabasamu tu, lakini alipoanza Ayatul Kursiy nikamfuata, tukaisoma pamoja huku tunalia. Tulipomaliza, kile kitu kikapaa wima kikapotea. Injini ikawaka.

Nikamuuliza nahodha kwa Kifaransa changu kibovu kama ile ni ndege.

"Ndege hupita, mama," akanijibu bila kunitazama. "Hicho husimama. Na kila mara ni hapa hapa."

Dada, shangazi ananisubiri Mahajanga, na njia ya kwenda ni kuvuka tena maji yale yale. Ijumaa napanda boti. Niombee sana.

Ukimsomea Mama kadi hii, mwambie nakula kaa kila siku na nimenenepa. Hayo mengine yaruke.

Mdogo wako akupendaye,
Rehema