Theluji ya Mwezi wa Sita

Ibra, Jumatano

Kwako kaka yangu Machano,

Shikamoo, na assalaam alaykum warahmatullah. Naomba waraka huu ukukute umeketi, umeshakunywa chai na watoto wameshakwenda chuoni, maana si wa kusomwa kwa kusimama. Goti lako vipi? Wifi yangu keshapoa homa? Mama, Mungu amrehemu, najua kaburi lake hukosi kulipalilia mvua zikianza. Mimi kwa upande wa mwili ni mzima, alhamdulillah. Kwa upande mwingine utaamua mwenyewe ukishamaliza kusoma.

Utashangaa kupata karatasi badala ya sauti yangu kwenye simu. Sauti zangu huwa mnazisikiliza uani, na kila aliyepo anasikia. Haya ni ya macho yako peke yako. Waraka nimemkabidhi Bi Rehana, anayekuja Unguja Ijumaa kumtazama bintiye, naye kaniapia hataufungua.

Habari ya kwanza ni msiba. Mzee Khalaf ametutoka, leo siku ya kumi na sita. Ulikuwa ukinisikia nikimtaja tu kuwa ni kakake Bi Kaltham, bibi ninayemfanyia kazi, na kwamba tangu Ramadhani nimepewa mimi kumuuguza. Sikuwahi kukueleza alikuwa mtu wa namna gani, na bila ya hilo hutafahamu lililonisibu.

Mzee Khalaf bin Nasr alizaliwa Unguja mjini, mtaa wa Malindi. Baada ya mapinduzi, naye ana miaka kumi na tisa, jamaa zake walipata njia ya kuja Oman. Yeye akapata kazi ya kuosha vyombo katika meli ya mizigo ya Wanorwei, na meli ikamshusha Bergen, mji wa mvua. Akaajiriwa jikoni katika hoteli moja. Hotelini pale palikuwa na bendi ikipiga jazi kila Ijumaa, na alinambia kuwa aliposikia tarumbeta lile mara ya kwanza aliacha bomba likimwagika mpaka mpishi akamjia juu na mwiko. Tangu hapo hakuwa na hamu ya kitu kingine. Alikuwa akibeba ngoma za wale wapigaji bure, ili mradi wamruhusu akae nyuma ya pazia asikilize.

Redioni aliingia kwa bahati. Walimwita aeleze maisha ya mabaharia, dakika tano tu, akawachekesha mpaka fundi mitambo akasahau kumkata. Mwaka uliofuata wakampa kipindi chake mwenyewe cha jazi, Jumamosi jioni, na alikishika miaka thelathini na mmoja. Mtu mweusi wa Malindi, kaka, anatangaza kwa Kinorwei, na nchi nzima inangoja afungue kinywa. Alikuwa akianza hivi: "Leo mvua imenyesha mara moja tu, tangu Jumatatu." Msikilizaji mmoja aliandika kulalamika kwamba lafudhi yake nzito. Akamjibu hewani kuwa lafudhi ile kaja nayo kutoka mbali, hawezi kuitupa baada ya safari yote ile. Na watu walipomuuliza jazi ni nini, alisema ni kama mkutano wa ukoo, kila mmoja anazungumza lake, na mwenye ngoma yupo kuwakumbusha walikuja kufanya nini.

Alipostaafu akaja kukaa na dadake hapa Ibra, na makasha kumi na manne ya sahani za santuri. Bi Kaltham aliziita kelele za shaba, lakini kila baada ya Alasiri nilimwona akisogeza kiti chake karibu na mlango wa kaka yake, tasbihi mkononi, anajifanya anafuata upepo.

Ramadhani iliyopita akapata kiharusi. Laith, mtoto wa Bi Kaltham, alituendesha mpaka spitali Nizwa, mimi nyuma nimekishika kichwa cha mzee. Roho ilibaki, mkono wa kulia ukafa, na ulimi ukafanya ajabu. Kinorwei chote kilikwenda. Kiingereza na Kiarabu pia. Alikuwa akisikia akifahamu lugha zote, daktari alihakikisha hilo, lakini akitaka kusema kinatoka Kiswahili tu, kile cha utotoni, neno moja moja. Alinambia, "Ulimi umerudi kwao. Umeniacha mimi hapa."

Sasa ndipo aingie Nahla. Huyu ni binti yake wa pekee, kwa mke wa Kinorwei ambaye alifariki zamani, Nahla akiwa na miaka kumi na mitano. Ni mwalimu huko Bergen, ana Kinorwei na Kiingereza, na Kiswahili hajui hata maji. Mzee hakumfundisha. Baba na mtoto walikuwa wakipigiana simu siku za sikukuu, wanaulizana hali ya hewa, basi. Mwezi wa tisa akaja kumtazama, na katika nyumba nzima aliyekuwa na Kiingereza na Kiswahili vyote viwili ni mimi, kwa sababu ya miaka yangu ile ya kutandika vitanda hotelini Nungwi. Nikawekwa kati yao kwenye zulia, nikawa mdomo wa huyu na sikio la yule.

Siku mbili za kwanza zilikwenda vyema. Mzee akisema chakula, Nahla akisema ndege na wanafunzi wake. Siku ya tatu Bi Kaltham alikwenda soko la wanawake, tukabaki watatu. Nahla akavuta kiti mpaka magoti yake yakagusa kitanda. Akasema ana swali moja, amelibeba miaka zaidi ya thelathini, na jibu nilifikishe kama litakavyotoka. Jioni aliyokufa mama yake, spitali ilimpigia baba simu kwamba aje upesi. Alifika mama keshakata roho. Kwa nini hakuja alipoitwa?

Mzee alilifahamu bila ya mimi. Akageuza macho dirishani, kisha akajibu. Nami nikamgeukia Nahla nikamwambia kuwa baba yake anasema theluji ilifunga njia siku ile, gari likakwama, akaja kwa miguu akichelewa, na mpaka leo hajajisamehe.

Nahla hakumtazama baba yake, alinitazama mimi. Akauliza, "Theluji?" Nikasema naam, theluji. Na Mzee Khalaf, mgonjwa vile, akacheka. Alicheka mpaka akakohoa, nikampa maji. Nahla akasimama, akambusu kipaji cha uso, akasema basi, hapana neno baba, yamekwisha. Kesho yake akaondoka, ingawa tiketi yake ilikuwa na siku nne mbele. Bi Kaltham alisikitika, akadhani ni joto limemshinda.

Kaka, mzee hakusema neno la theluji. Alisema hivi, na nakuandikia kama alivyotamka: "Simu niliipata. Njia nyeupe, wazi. Sikwenda. Niliogopa. Nikakaa, nikachekesha watu."

Hayo tu. Nilimwona Nahla kainama, mkono wake umeshika mkono wa baba yake ule uliokufa, nikasema moyoni, mtoto hawezi kupewa neno hili. Nikatafuta kitu cha kuziba njia, na Norwei mimi nilichokijua ni theluji.

Gari la Laith lilipotoka na Nahla kwenda Maskati, mzee akaniita. Akanambia, "Mwezi wa sita, Mwana. Mama yake alikufa mwezi wa sita. Watu wanakula aiskrimu." Ndipo nikajua kwamba Nahla ameondoka akiamini baba yake amemdanganya usoni, mlangoni pa kaburi, tena akacheka. Mzee akasema, "Mpigie. Mwambie nilivyosema."

Sikumpigia. Nilimjibu bando limekwisha. Siku ya pili nikasema Nahla yuko kazini, siku ya tatu nikasema simu haijibiwi, na haikuwa imepigwa. Niliogopa Nahla atamwambia Bi Kaltham, na Bi Kaltham atanirudisha nyumbani na jina bovu. Kila baada ya Alasiri mzee alikuwa akinitupia macho, hasemi, anangoja. Siku moja tu alinambia, na maneno yalimtoka kwa tabu, kwamba watu wengi amewadanganya kwa mzaha, huyu mmoja alitaka kumpa kweli. Nikamwahidi Jumatano. Jumanne, baada ya kunywa uji, akapata kiharusi cha pili, akafa mkononi mwangu kabla Laith hajawasha gari. Wakamzika baada ya Adhuhuri. Nahla hakuwahi.

Juma lililopita Nahla alinipigia. Watu wa redio ya kule wanatayarisha kipindi cha kumkumbuka, na alitaka anirekodi kidogo kwa Kiswahili, nieleze alivyokuwa akiishi nyumbani, ili wasikilizaji waisikie lugha aliyokufa nayo. Nikakubali. Nikaanza na sahani za santuri na Bi Kaltham na kiti chake. Kisha nikamwambia azime mashine, na nikamweleza yote kwa Kiingereza changu cha hotelini, neno la mzee kwanza, kisha langu.

Nikadhani mtandao umekatika. Nikasema halo, halo. Akasema yupo. Sauti yake haikuwa ya hasira, na ningependa ingekuwa. Akanambia alijua tangu zamani kuwa baba yake alikuwa hewani jioni ile. Mle chumbani spitali kulikuwa na redio, na ni mama yake aliyeomba ifunguliwe. Walikisikiliza kipindi wote wawili. Mama yake alimwambia aongeze sauti. Mzee akatoa mzaha fulani juu ya mpiga tarumbeta aliyesahau tarumbeta lake kwenye tramu, ile treni ya barabarani, na mama akacheka, kicheko kidogo lakini kicheko cha kweli, na kabla wimbo uliofuata haujaisha akakata roho. Nahla alisema hakuwa na shida ya kujua baba yake alikuwa wapi. Alitaka amsikie akilisema mwenyewe. Angelisema, naye angemwambia hilo la redio. Alikuwa amekuja Oman nalo, kalifunga kwenye roho kama zawadi, anangoja neno moja la kweli amkabidhi.

Kwa hivyo mzee amekufa hajui kwamba mkewe alikuwa akimsikiliza. Alijiona amemkimbia, kumbe sauti yake ilikuwa mle chumbani mpaka mwisho. Mimi ndiye niliyekaa katikati nikazuia lisipite. Nahla alinishukuru kwa kumwambia, akaniomba nimwandikie maneno ya baba yake kwa Kiswahili, herufi kwa herufi, kisha akakata simu. Hajapiga tena.

Sasa kaka, lililobaki ni lako, na ni hili lililonifanya nishike kalamu.

Umepata kujiuliza kwa nini uwongo ule ulinijia upesi vile, bila ya kufikiri? Ulikuwa uko tayari, nilikuwa nimeshautumia. Miaka mitatu nyuma ulinipigia ukanambia mama hali yake mbaya, ananitaja, nifanye niwezavyo nije. Nikakujibu kuwa Bi Kaltham amekataa, amenizuilia pasi ya kusafiria, nimemlilia lakini hataki kusikia. Ukamlaani. Mpaka leo najua ukimtaja hutaji jina lake, unasema yule asiye na rehema.

Bi Kaltham hakukataa. Nilipomwambia mama anaumwa, aliinuka mwenyewe, akaniletea pasi akaiweka mapajani mwangu, akamwambia Laith atayarishe gari anipeleke Maskati siku ile ile. Mimi ndiye niliyeirudisha pasi kabatini. Nilimwambia kaka kapiga tena, mama keshapata nafuu. Nilikuwa sitaki kuingia katika kile chumba. Niliwaza mama atanitazama, nami sitajua la kusema wala pa kuweka mikono. Niliogopa. Nikakaa huku, nikapika, nikafua, nikakwambia njia imefungwa. Ulimfumba macho peke yako, kaka, na mimi nikakuachia uamini kuna aliyenizuia.

Sijaandika haya ili unambie yamekwisha. Nimeliona neno hilo likisemwa na mtu ambaye hayajamwisha. Bi Kaltham nimemweleza yote jana, ya kaka yake na ya mama. Alilia kwa ajili ya kaka yake, na baada ya Magharibi akaniuliza kama nimekula. Sijui maana yake, lakini amenipa ruhusa, na safari hii pasi iko kwenye mkoba wangu. Nitafika mwanzo wa mwezi ujao. Usije uwanjani kunipokea. Nitakwenda kwa mama kwanza, kisha nitakuja kwako, nitapiga hodi. Ukinyamaza nitafahamu, nitakaa barazani mpaka utakapotaka kutoka.

Laana uliyompa Bi Kaltham, nakuomba uifute kabla ya Ijumaa nyingine. Nisalimie wifi, nisalimie watoto mmoja mmoja kwa jina lake, mkubwa umwambie kitabu chake nimekipata. Majirani wote salamu. Mola akuafu goti, akuzidishie subira, maana mimi ndiye nitakayekuja kuitumia.

Ni mimi mdogo wako,
Mwanabaraka binti Musa