Hesabu ya Kusimama

Jumatatu, 4 Machi

Wiki ya sita ya hesabu ya kusimama. Leo dakika kumi na tisa. Wafungwa mia nne na kumi na wawili, hakuna aliyezimia, hakuna aliyetandikwa. Nilipoanza mpango huu naibu wangu alisema mfungwa akisimama anakuona usoni, na akishakuona usoni anakuzoea. Nikamwambia ndiyo, nia ni hiyo. Akanyamaza. Huyu akinyamaza ujue anaandika kichwani.

Miaka thelathini na mmoja nimeona watu wazima wakichuchumaa asubuhi na jioni, mikono kichwani, tano tano, wanahesabiwa kama mafungu ya nyanya. Wazee wanashika ukuta. Nami nimewahesabu hivyo hivyo tangu nilipokuwa askari wa cheo cha mwisho hadi nikawa mkuu wa gereza. Nilisifiwa, eti nina jicho.

Nimechoka. Si kuumwa, ni kuchoka tu. Bado miezi minane nistaafu. Mke wangu kaniuliza kama nikistaafu nitamsimamisha mlangoni nimhesabu yeye. Nimemwambia yeye ni mmoja, hapo hata mimi siwezi kukosea. Tumecheka kidogo, tukalala.

Jumatano, 6 Machi

Mvua. Paa la jiko la wafungwa linavuja palepale lilipozibwa.

Barua kutoka Makao Makuu. Wanataka taarifa ya hesabu mpya ifikapo mwisho wa mwezi, na wakiridhika magereza mengine yote yatafuata. Magereza yote! Nimeisoma mara tatu, nikaifungia kwenye droo, nikaifungua tena. Nimeona haya kwa nilivyofurahi, na umri huu.

Nikapita karakana ya ushonaji. Fundi aliyepewa kuisimamia ni mfungwa, amekaa miaka sita, kabakiza miwili. Mtu wa maneno machache. Nikamuuliza wanaionaje hesabu ya siku hizi. Akakata uzi kwa meno kwanza. Akasema magoti yanashukuru, afande. Basi. Nimetembea na hilo neno siku nzima.

Ijumaa, 8 Machi

Siku mbaya. Naandika kwa mpangilio nisije nikajidanganya baadaye.

Saa kumi na moja jioni, mvua inanyesha, hesabu ikatoka mia nne na kumi na mmoja. Sajini wa hesabu akarudia. Kumi na mmoja. Akarudia tena, anatweta. Kumi na mmoja. Mtu kaingia mitini. Nikaamuru king'ora kipigwe, Makao Makuu wakaarifiwa, wafungwa wakafungiwa mabwenini. Askari wakatawanyika bustanini, mferejini, nyuma ya ghala. Mimi nikachukua gari kwenda barabara ya nyuma. Hapo ndipo nilipokosea. Gereza nikamwachia naibu.

Saa moja na nusu nikarudi mikono mitupu. Nikamwambia Sajini tusome majina, moja moja. Jambo tulilopaswa kulifanya kwanza. Tukafika kwa Ubao. Ubao ni nyapara, mfungwa anayemshikia Sajini ubao wa kuandikia hesabu, ndiyo maana wanamwita hivyo. Sajini akaita jina. Sauti ikajibu nyuma yangu: "Mimi hapa, afande."

Alikuwa anatushikia tochi. Tangu jioni yuko nasi, anatusaidia kutafuta.

Kila siku Ubao akimaliza kuandika huenda kujipanga mwisho wa mstari. Leo Sajini alimwambia abaki barazani, ubao usilowe. Akabaki, kasimama sambamba na wanaohesabu. Zamani lisingetokea. Mfungwa alikuwa yule aliye chini, hata kipofu angemtambua. Sasa wote wamesimama, na aliye na ubao mkononi, askari wote walimdhani mwenzao. Na yeye mwenyewe ndiye aliyeandika kumi na mmoja, mara tatu, kwa mwandiko mzuri.

Nilicheka. Nakiri. Sajini alicheka mpaka akaegemea ukuta, Ubao naye akacheka kwa woga.

Tabibu wa zahanati yetu akaingia tukiwa bado tunafuta machozi. Akasema nimfuate.

Fundi wa ushonaji. Askari watatu waliingia bweni la tatu na virungu, wakamuuliza nani katoroka. Akasema hakuna aliyetoroka. Wakamuuliza tena. Akasema hakuna. Mkono wa kulia umevunjika mara mbili, juu ya kiwiko na chini yake. Alikuwa anasema kweli.

Jumamosi, 9 Machi

Sikupata usingizi. Wale watatu nimewatoa mabwenini, nimewapeleka mnara wa ulinzi, wakalinde ndege.

Naibu kaleta fomu ya majeruhi, tayari imejazwa. Sababu ya kuumia: aliteleza ngazini wakati wa mvua. Nikamuuliza ngazi ipi, maana bweni la tatu halina ngazi. Akasema ngazi ya karakana. Nikamuuliza alikuwa karakana saa ngapi, na milango yote imefungwa? Akakaa bila kukaribishwa. Si mtu mbaya, huyu. Nikitaka kumchukia ninashindwa, alimuuguza mama yake peke yake miaka minne. Akaniambia taratibu kwamba yeye alikuwa langoni, hakuona kitu. Lakini nikiandika kipigo, kule juu wataandika kwamba gereza lilikuwa shwari mpaka nilipowasimamisha wafungwa. Basi hapo mpango wangu umekwisha.

Nimeichana fomu mbele yake. Nilijiona shujaa kwa dakika tano hivi.

Jumapili, 10 Machi

Nyumbani. Mke wangu alikuwa ananyoosha sare zangu. Nikamwaga yote. Hakunikatiza hata mara moja. Nilipomaliza akauliza, "Huyo fundi ana mke?" Nikasema anaye, huja kila mwisho wa mwezi. "Atamwambia nini?" Nikasema sijui. Akageuza shati upande wa pili.

Baadaye akasema anajua nitafanya lililo sawa. Afadhali asingesema hivyo.

Jumatatu, 11 Machi

Simu kutoka Makao Makuu. Mkubwa mwenyewe. Tulipitia chuo pamoja, kitanda chake juu, changu chini, kwa hiyo hanizungushi. Akasema kisa cha king'ora atakimaliza yeye, kukosea hesabu kila gereza hukosea, na hicho kisa cha nyapara kimewachekesha ofisi nzima. "Lakini kipigo siwezi kukimaliza, ndugu yangu. Ukiniletea kipigo, tume inakuja, wewe unaondoka kabla ya siku zako, na atakayekaa kiti chako ninamjua. Atawachuchumaza siku hiyo hiyo." Nikamuuliza na nikileta ngazi? Akasema nikileta ngazi, mpango wangu anaupeleka magereza yote kabla ya mwaka kwisha. "Maelfu ya watu. Piga hesabu mwenyewe." Kisha akauliza watoto wazima? Nikasema wazima.

Hakuwa na ubaya hata chembe katika sauti. Anataka niondoke vizuri. Na anataka jambo langu lifaulu, naamini hivyo.

Nilizunguka uwanjani saa ya hesabu ya jioni. Wamesimama. Mzee mmoja wa mstari wa mbele alikuwa anatazama juu, ndege inapita. Zamani angekuwa anatazama vidole vya miguu yake. Nimejua hapo kwamba ninaweza kuisaini hiyo karatasi, na nimeogopa.

Jumanne, 12 Machi

Nimekwenda zahanati. Tabibu akatupisha. Fundi alitaka kuinuka, nikamkataza. Mkono umefungwa plasta kuanzia begani, vidole vimevimba. Nikampa pole, pole ya maana, si ya cheo. Nikamwambia nataka kuandika lililotokea, na majina ya wale watatu.

Aliutazama mlango kwanza. Kisha akasema, "Andika nimeanguka, afande."

Nikamuuliza nani kamwambia aseme hivyo.

"Hakuna. Watu wanaongea. Wanasema ukiondoka tunarudi chini." Akatazama plasta yake. "Mkono utaunga. Niko radhi."

Niko radhi. Miaka thelathini na mmoja nimeyasikia maneno haya kwa watu waliofungwa. Niko radhi kuhamishwa. Niko radhi kukosa wageni. Mfungwa anaposema yuko radhi hujui kama ni yeye anayesema au ni ukuta. Nikamwambia afikiri. Akasema amefikiri, siku nne hana kazi nyingine.

Nilipofika mlangoni akaniita. Akauliza kama ataruhusiwa kushona tena vidole vikirudi. Nikasema bila shaka. Akashukuru. Kanishukuru mimi!

Nimerudi ofisini nikakaa na kofia kichwani kama mgeni.

Jumatano, 13 Machi

Saa nne asubuhi. Naandika ofisini, jambo nisilolifanya kamwe.

Fomu mpya iko mezani. Niliikuta asubuhi. Aliteleza ngazini. Chini yake, mahali pa majeruhi, pana alama ya dole gumba la kushoto kwa wino wa buluu, maana la kulia limo ndani ya plasta. Tabibu kasaini. Naibu kasaini. Nimemwita naibu, nikamuuliza dole hili lilitiwa lini. Akasema jana jioni, baada yangu. Hakulazimishwa, afande, aliomba mwenyewe, alisema afande asipate tabu. Nimemwangalia machoni. Sikuona uongo. Ingekuwa nafuu kuuona.

Nafasi iliyobaki ni yangu.

Sasa nimeweka karatasi tupu pembeni. Juu yake nimeandika tarehe, namba ya gereza, bweni la tatu. Majina ya wale watatu nayajua. Mmoja nilimfundisha kazi mimi mwenyewe, nikamfundisha na kushika kirungu. Kalamu inaandika vizuri. Ni kwamba kila nikifikiria sentensi ya kwanza namwona yule mzee na ndege yake. Nikiigeukia fomu naona lile dole.

Dereva wa mfuko wa barua za Makao Makuu kachungulia mara mbili. Mara ya pili akasema akichelewa barabara itajaa. Nimemwambia asubiri.

Nimeagiza fundi aletwe. Nilitaka kumuuliza mara ya mwisho, hapa, juu ya kiti, mlango umefungwa, kama mtu na mtu. Lakini atakaa kiti cha mbele ya meza yangu, askari yuko nje ya mlango, na mimi nimevaa sare. Nitamuuliza uko radhi kweli? Naye atajibu nini mbele yangu?

Wanakuja. Nasikia kandambili zake koridoni, na askari anamwambia taratibu, sakafu imelowa, usianguke. Wote wawili wanacheka.

Wanabisha hodi.